Bei ya Mwenyeji

Fomu iliuliza: mgeni au mwenyeji?
Nikatia tiki kwa mwenyeji, nikapunguziwa nusu.
Kisha Mwatime akanivalisha jaketi la kuelea,
akanikaza mikanda kama mtoto wa chekechea,
akauliza, "Baba, kuogelea unajua?"
Nilizaliwa Bombo. Nimekulia Chumbageni.
Miaka hamsini na sita naoga maji ya ndoo.

"Haya," akasema. "Basi usisimame."

Kayaki ni kitu chembamba, plastiki, rangi ya chungwa,
ukipiga chafya inasikia.
Kasia lake lina makafi mawili, huku na huku,
na mimi kwa dakika kumi za mwanzo
nilijimwagia mapajani bahari yote ya Raskazone.
Mwatime yuko mbele katika yake, mgongo wima,
hageuki, sauti tu ndiyo inayogeuka:
"Kushoto. Kushoto.
Kushoto kule kwingine, Baba."

Tukapita chini ya jabali la Bombo.
Akaanza somo lake: hospitali, Wajerumani,
mawe yaliyopandishwa juu na mabega
ambayo hakuna aliyeandika majina yake.
Alisema vizuri. Mimi nilikuwa nahesabu madirisha.
Mama alinisimulia, siku ya uchungu wangu
alitazama nje akaona maji, maji matupu,
akamwambia mkunga: nimechoka mie,
kama kuna mtu huko, na anione.

Nimechelewa, Mama. Lakini nimefika.
Nikainua kasia nimpungie,
kayaki ikalala ubavu, moyo ukaja kooni.
"Usipunge!" akafoka Mwatime. "Unampungia nani?"

Sikujua kama mji wangu una uso.
Kumbe Ngamiani yote, barabara ya kwanza hadi ya ishirini,
foleni za benki, msikiti, kinyozi wangu,
nimeishi kisogoni mwake, nikisuka nywele zake,
na yeye muda wote alikuwa anatazama huku.
Pale ni bandari. Pale winchi.
Pale baba alihesabu robota za katani
akarudi jioni na nyuzi kwenye nyusi,
na sikuwahi kumuuliza
katani ile ilikwenda kufunga nini, na wapi.

Toteni ilitupokea kwa mikoko na mbu.
Juu kuna magofu, kuna makaburi,
mizizi imeshika kuta kama mikono ya mgonjwa.
"Watu walikaa hapa kabla ya kule," akasema Mwatime,
"walipovuka, wafu wao wakabaki.
Na jina hili ni la Kijerumani. Maana yake wafu."
"Na kabla yake paliitwaje?"

Aliacha kupiga kasia.
Maji yakadondoka ncha ya kafi, moja, moja.
"Hilo," akasema, "wageni hawaniulizi."
Akangoja, kama vile mimi ndiye ningejibu.
Kulastara akaruka. Sikuwa na jibu.

Kwa hiyo hatukuona kama maji yanapwa.
Tukashuka, tukaburuta.
Tope likaushika mguu wangu wa kushoto,
nikauvuta, ukaja bila kiatu.
Tukachakura hadi viwikoni:
gae lenye mstari wa buluu, kizibo cha soda,
chaza aliyefunga mdomo. Kiatu hakuna.
"Kiache," akasema, na kwa mara ya kwanza akacheka.
"Miaka mia tano ijayo watakuja na brashi,
watakiwekea kamba, watabishana kilikuwa cha nani."

Tanga, waja leo, waondoka leo.
Nilitoka Raskazone na chumvi kwenye ndevu,
alama za mikanda begani,
mguu mmoja umevaa, mmoja uko kisiwani.
Kijana wa bodaboda akanitazama toka juu hadi chini,
akanitazama tena ule mguu.
"Chumbageni?"
Akanitajia bei ya wageni.
Nikapanda. Sikubishana.